Anti, wanataka kamera iwepo siku baba atakapojua

Shikamoo Anti. Naomba jina langu lisitoke, ila mengine yaacheni kama yalivyo maana bila hayo hamtanielewa.

Mi ni binti wa miaka 23, kwetu Muheza ila saivi nakaa Mabibo na wenzangu wawili, tumepanga chumba na sebule. Nilikuja Dar mwaka 2022 kusoma cheti cha uhasibu na baba ndo alilipa ada, baba yangu ni fundi cherehani hana mshahara wala nini, ni ile unaleta kitambaa anashona analipwa. Siku naondoka alinishonea sketi mbili nyeusi na mashati meupe matatu, akanipima mwenyewe na futi kamba yake, akasema mhasibu lazima aonekane nadhifu kabla hata hajafungua daftari. Anti nilisoma muhula mmoja na nusu nikaacha. Nilikuwa nimeingia kikundi cha maigizo pale mtaani nikajikuta ndo kitu pekee naamka asubuhi nakitaka, na ada ya muhula wa pili iliyobaki nikaila kwa kodi na nauli za kwenda usaili. Hilo najua ni kosa langu.

Mwaka jana nimetokea tamthilia mbili, moja nilikuwa dada wa kazi, nyingine sekretari wa bosi, na ile ya sekretari tuliambiwa kila mtu aje na nguo zake, nikavaa sketi ya baba. Mama anajua kila kitu. Baba anajua nimemaliza chuo nipo duka la jumla Kariakoo nashika hesabu. Kuna jirani aliniona kwenye TV akaenda kumwambia baba pale pale kwenye cherehani, mama akadakia akasema wanafanana tu, baba akanyamaza akaendelea kushona. Yeye haangalii tamthilia, ni taarifa ya habari na mpira basi.

Sasa mwezi uliopita kampuni moja inayotengeneza vipindi imenitafuta. Wanataka kufanya kipindi cha maisha halisi, episodi 8, wanafuata vijana wanne wanaoanza sanaa hapa mjini, hamna skripti, unatokea kwa jina lako wewe mwenyewe, wanakufuata geto, kwenye usaili, mpaka nyumbani kwenu. Laki 5 kwa episodi, jumla milioni 4. Anti mimi kwa siku ya kushuti nimezoea kulipwa elfu 40 na hiyo nayo mpaka uifuatilie wiki mbili, na kodi nadaiwa miezi mitatu.

Walishakuja siku mbili kufanya majaribio. Siku ya kwanza nilirudia kuingia mlangoni mara nne, kuna kaka wa kamera anasema ingia tena lakini uonekane umechoka. Siku ya pili walinibana kile kimaiki kwenye kola asubuhi, mchana wakaenda kula, mimi nikampigia mama tukaongea habari za baba na presha yake na kwamba asijue kwanza, kumbe maiki ilikuwa haijazimwa, prodyuza akarudi macho yanang'aa. Akaniambia dada hiyo ndo stori yako. Anataka tuende wote Muheza, nimwambie baba ukweli mbele ya kamera bila yeye kujua tumefuata nini, akasema tunataka ile sekunde anaposikia. Na mdogo wangu wa kidato cha pili naye awepo.

Mkataba ni kurasa 11 za Kiingereza. Rafiki yangu mmoja kanisomea, kuna sehemu wanasema wanaweza kuhariri wanavyoona inafaa, kutumia picha, sauti na stori ya maisha yangu popote duniani bila kikomo cha muda, nikijitoa katikati nirudishe gharama, na miezi 12 nisiigize kwa mtu mwingine bila ruhusa yao. Mwenzangu wa geto anasema saini we mjinga nafasi hairudi. Kuna mama mmoja mwigizaji wa siku nyingi yeye kaniambia watu wakishakuona ulivyo kwako na ndoo yako ya maji, siku ukiigiza tajiri nani atakuamini. Mimi nikilala nawaza labda baba akiniona kwenye TV kwa jina langu kabisa, na jina lake nyuma yake, ataona fahari na yataisha. Wanataka jibu Ijumaa ya wiki ijayo. Nifanyeje Anti?

Binti wa fundi

*

Marahaba mwanangu, na pole. Barua yako nimeisoma mara tatu, na kila nikirudia nakuta sketi nyeusi ndo inanishika kuliko milioni 4.

Ngoja nikurudishie nilivyoelewa unisahihishe kama nimekosea. Una kazi unayoipenda kweli, umeianza kwa kificho, na kile kificho kimekuzidi umri sasa. Imekuja nafasi ya kuonekana kwa jina lako, yenye hela ambayo hujawahi kuishika, ila bei yake ni kwamba lile jambo ulilolificha kwa baba yako miaka yote liwe ndo bidhaa. Kwahiyo hapa kuna maswali mawili yamefungwa kamba moja, moja ni la kazi, nitokee kwenye TV kama mimi au nisitokee, jingine ni la nyumbani, baba ataujuaje ukweli. Prodyuza ndo aliyeyafunga pamoja, na nakuelewa kwanini, kwake yakiwa pamoja yanamfaa. Wewe je, umeshajaribu kuyafungua uyaangalie moja moja?

Tuanze na la kazi. Umeandika "unatokea wewe mwenyewe, hamna skripti". Lakini mwanangu wewe ndo uliyeniambia umeingia mlangoni mara nne na ukaambiwa uonekane umechoka. Mara ya nne ulikuwa umechoka kweli au ulikuwa unaigiza umechoka? Sikuulizi kukutega. Hivi vipindi ndivyo vinavyotengenezwa na sio ubaya peke yake, Uingereza mwaka 1997 kulikuwa na kipindi maarufu cha BBC cha watu wanaojifunza gari, mama mmoja aliyekuwa anafeli feli akapendwa na nchi nzima, na ikaja kujulikana sini yake ya kuamka usiku wa manane kumwambia mumewe amuulize maswali ya barabarani ilikuwa imepangwa irudiwe kwa ajili ya kamera. Watu waliendelea kumpenda. Ninachotaka ukione ni kwamba huyo "wewe" wa kwenye kipindi ni uhusika kama uhusika mwingine, tofauti ni kwamba hauna vazi la kuvua jioni, na anayeuandika ni aliyekaa kwenye kompyuta anakata.

Na kukata ndo penyewe. Mwaka 1971 huko Santa Barbara, California, familia moja ya akina Loud ilikubali kamera ziishi nao miezi saba, zikarekodiwa saa kama 300, zilipoonyeshwa mwaka 1973 zilikuwa vipindi 12 vya saa moja moja. Hebu piga hesabu, wewe ulisoma uhasibu hata kama ni muhula mmoja na nusu. Kwenye hizo saa 12 mama wa nyumba anamwambia mumewe ahame, Marekani nzima inaangalia, na familia ikaja kulalamika baadae kwamba siku zao za kucheka zimeachwa chini, zimebaki za kugombana. Hakuna mtu aliyewaambia waseme uongo. Walisema kweli, ila kweli iliyochaguliwa na mwingine. Kile kifungu chako cha "kuhariri wanavyoona inafaa" maana yake ndo hiyo.

Sasa yule mama mwigizaji aliyekwambia hutaaminika ukiigiza tajiri, namheshimu lakini sikubaliani naye moja kwa moja. Watu wapo waliotokea kama wao na milango ikafunguka, Idris Sultan alishinda Big Brother Africa, lile shindano la watu kukaa nyumba moja na kamera, mwaka 2014 akarudi na dola 300,000, na leo ni mchekeshaji na mwigizaji, hakuna anayesema haaminiki kwasababu tulimuona anaoga na kula mle ndani. Mwisho Mwampamba mwaka 2003 alishika nafasi ya pili kwenye ile ya kwanza kabisa na jina lake mpaka leo watu wa rika langu wanalijua. Ndoo ya maji haimharibii mtu usanii. Ila angalia kitu kimoja, hawa waliingia kwenye ile nyumba wao, kwa miguu yao. Baba zao hawakuingizwa mle ndani bila kuambiwa wamefuata nini.

Hapo ndo moyo wangu unapokuwa mzito mwanangu, hasa hiyo simu. Umeitaja kwa sentensi moja ukapita kama kitu cha kawaida. Mama yako alikuwa anaongea na mtoto wake, anamtaja mumewe na presha yake, hajui kuna maiki, na sauti yake sasa ipo kwenye mashine ya watu. Hata kama hutasaini chochote mimi ningeanzia hapo, kesho, kwa ujumbe wa maandishi wa heshima kabisa kwamba yale mazungumzo ya simu ya siku ya pili mama yako hakuyaridhia na unaomba yafutwe na wakuthibitishie. Tanzania sasa tuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, ilianza kutumika mwaka 2023, na ipo Tume yake, na habari za afya ya mtu ni katika zile zinazolindwa kwa uzito zaidi. Sikwambii uende kuwashtaki. Ila jibu watakalokupa kwa hilo dogo litakuonyesha watakavyokuchukulia kwenye makubwa, wakisema samahani tumefuta hiyo ni dalili moja, wakisema usiwe mshamba ndo mambo ya TV hayo, hiyo ni dalili nyingine.

Na mdogo wako ni mtoto. Kidato cha pili, hawezi kuridhia mwenyewe, anayetakiwa kuridhia ni mzazi, na mzazi mwenyewe ndo huyo wanataka kumshtukiza, sasa fomu atasaini saa ngapi? Akiwa analia? Akiwa na hasira? Mtu akiwa vile ukimpa kalamu atasaini chochote ili mtoke nyumbani kwake. Halafu wewe utarudi Mabibo, yeye atabaki Muheza na wateja wanaokuja kupima nguo huku wameshaona, na mdogo wako ataenda shule Jumatatu. Kile kipande cha "sekunde anaposikia" hakitabaki kwenye episodi ya saa nzima yenye mwanzo na mwisho, kitakatwa kitembee kwenye simu za watu sekunde 20, hamna sketi, hamna ada, hamna presha, ni mzee analia tu na maneno ya kuchekesha juu yake. Nakuomba ukae na hiyo picha kidogo kabla hujaendelea kusoma.

Sasa kuhusu baba. Unasema hajui. Una uhakika? Mimi baba yangu alikuwa fundi viatu, na alikuwa anaweza kukaa barazani akaona mtu anapita ng'ambo ya barabara akasema ile soli nimeibandika mimi mwaka juzi. Fundi anaijua kazi ya mkono wake. Jirani kaja kumwambia, mama kadakia, yeye akanyamaza akaendelea kushona. Huenda hakuamini. Au aliamini, na siku moja akapita sebuleni TV imewashwa akaona pindo analolijua, akasubiri uje umwambie mwenyewe. Sijui, na wewe hujui, ila umekuwa ukiishi kama vile unajua. Na ile ndoto yako kwamba akikuona kwenye TV ataona fahari, inawezekana kabisa, wazazi wengi wamelainishwa na hivyo. Ila fahari na kushtukizwa sio kitu kimoja. Anaweza kuona fahari ya binti yake msanii na bado akaumia kwamba aliambiwa pamoja na watu asiowajua. Na kuna ile ada pia, ambayo ulivyoiandika mwenyewe nimeona bado inakuchoma, hiyo nadhani anastahili kuisikia bila mtu wa tatu.

Njia ulizonazo nizitazame nawe. Unaweza kusaini kama ulivyo, uchukue milioni 4, ulipe kodi, jina lako litoke. Hela sio kitu cha kudharau na sitakaa hapa kwenye kiti nikuambie uidharau wakati mwenye nyumba anagonga. Ila hesabu na ile miezi 12, umesema tamthilia ndo kazi unayoamkia, ukifungiwa mwaka mzima hiyo milioni 4 ni kama laki 3 na ushee kwa mwezi, na ukijitoa katikati kwasababu baba kaugua unadaiwa gharama ambazo hawajaziandika ni shilingi ngapi. Unaweza kukataa kabisa ukaendelea na elfu 40 zako za kufuatilia. Hiyo nayo ina maumivu yake, utakuwa unaona wenzako wanne kila wiki kwenye TV na utajiuliza, na siri nyumbani itakuwa bado ipo pale pale. Kukataa hakuiondoi.

Au unaweza kurudi mezani na masharti yako. Watu wengi wanaoanza hawajui kwamba karatasi ikiletwa inaweza kurudishwa. Waombe nakala ya Kiswahili. Waambie kazi yangu, geto langu, usaili wangu, kufeli kwangu, vyote chukueni, ila familia haimo mpaka kila mmoja wao aseme ndiyo kwa mdomo wake bila kamera, na siku ya baba haimo kabisa. Omba maiki ivuliwe kila mnapopumzika. Ile ya miezi 12 ipunguzwe au iishie kwenye vipindi vya aina hiyo, tamthilia ziachwe nje. Gharama za kujitoa ziandikwe kwa tarakimu. Na uombe kuona kila episodi kabla haijaenda hewani, hata kama hawatakupa haki ya kubadilisha, walau usiione siku moja na shangazi zako. Hatari ya njia hii ni moja na naisema wazi, wanaweza kusema basi asante tunachukua mwingine. Inawezekana kabisa stori waliyoitaka ni ile ya baba tu, na bila hiyo hawana haja na wewe. Itauma kusikia, lakini utakuwa umejua walikuwa wanamtaka nani.

Kabla ya lolote mtu anayejua sheria auone huo mkataba, sio rafiki wa kukutafsiria tu. TAWLA, kile chama cha wanasheria wanawake, wanasaidia wanawake mambo ya sheria, Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu nao wapo hapo Dar, na msaada wa kisheria kwa asiye na uwezo ni kitu kinachotambulika na sheria yetu ya 2017, hivyo usione aibu kwenda na bahasha yako. Nenda Jumatatu, usingoje Alhamisi jioni.

Na kama unadhani ukikubali leo unaweza kubadilisha mawazo baadae, au ukikataa leo ndo basi milele, nikupe mfano mmoja. Uingereza kuna mfululizo ulioanza mwaka 1964 na watoto 14 wa miaka saba, kila baada ya miaka saba kamera inarudi kuwauliza wamefikia wapi. Mmoja anaitwa Peter, alipofika 28 alikuwa mwalimu kijana, akasema mbele ya kamera anachofikiria kuhusu serikali ya Margaret Thatcher, waziri mkuu wao wa wakati ule, kipindi kikaonyeshwa mwaka 1984, magazeti yakamshukia. Akajitoa. Hakuonekana tena mpaka mwaka 2012, mtu mzima ana bendi yake, akasema wazi amerudi kwasababu anataka watu waisikie bendi. Safari hii alijua anachokuja kuuza. Alichosema akiwa 28 bado kipo mle ndani, hakuna aliyekitoa, lakini mlango haukuwa umefungwa. Mwenzako wa geto anaposema nafasi hairudi, anasema kwa upendo nadhani, ila una miaka 23 na una tamthilia mbili tayari bila mtu yeyote kukujua jina. Hizo ulizipata kwa kitu gani? Mbona unaziandika kama hazihesabiki?

Kitu ambacho siwezi kukuamulia ni kama uende kwa baba kwanza. Mama ndo anayeijua presha ya mzee na anajua saa gani anaongeleka, kwahiyo yeye ndo wa kuanza naye, na safari hii umpigie ukiwa peke yako chumbani, umwambie pia kuhusu ile maiki maana naona kama hilo hujamwambia. Muulize siku ile jirani alivyokuja, baada ya watu kuondoka baba alisema nini. Basi za Tanga zinatoka Mbezi toka alfajiri, Muheza unafika mchana, ukitaka kwenda na kurudi kabla ya hiyo Ijumaa yao muda upo. Ukienda, ile sketi ya pili, ambayo haijaonekana kwenye TV, unayo bado?

Niandikie tena, hata kama ni mistari miwili. Nitakuwa nakusubiri.

Anti